Shajara ya mradi: ujana wa Shakespeare ndani ya sanduku moja

Kazi yenyewe ni hii: maonyesho ya kubebeka kuhusu miaka 28 ya mwanzo ya William Shakespeare, kwa Kiswahili, yazunguke skuli za sekondari za Unguja na Pemba. Kuna mbao 10 za maandishi na picha, na vitu 4 vya kushika kwa mkono: glavu ya ngozi nyeupe, kibao cha kujifunzia herufi, kalamu ya unyoya na chupa ya wino. Vyote viingie katika sanduku moja ambalo watu wawili wanaweza kulipandisha juu ya daladala.

Wanafunzi wetu wengi wamekutana na Shakespeare kupitia tafsiri za Mwalimu Nyerere, Juliasi Kaizari, iliyotoka kwanza 1963, na Mabepari wa Venisi ya 1969. Huyo wanayemjua ni mtu mzima, mshairi wa London. Kijana aliyekulia katika nyumba ya mshona glavu hawamjui, na mara nyingi anayesimuliwa mahali pake ni wa kubuni.

WIKI YA 1

Tumeanza na karatasi zilizobaki. Ni chache, na hakuna hata moja iliyoandikwa kwa ajili ya kumsifu mtu. Ni daftari la ubatizo, hesabu za baraza la mji, faini, kesi na dhamana ya ndoa.

Ubao wa 1 ni wa wazazi. Baba, John, alitoka kijiji cha Snitterfield, mtoto wa mkulima aliyelima ardhi ya kupanga. Jina lake linaonekana kwa mara ya kwanza katika mji wa Stratford-upon-Avon, Uingereza, mwaka 1552, alipotozwa faini ya peni 12 kwa kulimbikiza jaa la samadi katika mtaa wa Henley Street. Miaka 16 baadaye, 1568, mtu huyo huyo ni mkuu wa mji. Mama, Mary Arden wa Wilmcote, alikuwa mdogo kabisa kati ya mabinti 8 wa mwenye shamba. Tulibishana kama jaa lianze au ukuu wa mji uanze. Jaa limeanza, kwa sababu ndio mpangilio wa karatasi zenyewe, na kwa sababu msomaji anaona kwa jicho moja umbali aliopanda mtu huyu.

Ubao wa 2 ni wa ubatizo: 26 Aprili 1564, kanisa la Utatu Mtakatifu. Daftari lina maneno manne ya Kilatini, Gulielmus filius Johannes Shakspere, yaani William mwana wa John. Karani alikosea sarufi, ilipasa aandike Johannis. Kosa limebaki kwenye ubao kama lilivyo. Siku ya kuzaliwa haikuandikwa popote, na ile 23 Aprili inayosherehekewa ni mapokeo. Kwa hiyo ubao unasema "alibatizwa", hausemi "alizaliwa".

Chini yake tumeweka mstari mwingine wa daftari la kanisa hilo hilo, safari hii la mazishi, tarehe 11 Julai 1564: hic incepit pestis, hapa ndipo tauni ilipoanza. Mtoto alikuwa na wiki 11 tangu kubatizwa. Hadi mwaka unakwisha, watu wapatao 200 walikuwa wamezikwa katika mji usiofika watu 2,000. Wazazi hawa walikwisha kuzika mabinti wawili wachanga, Joan na Margaret. Picha haihitajiki hapa. Maneno hayo matatu ya Kilatini yameandikwa peke yao, herufi za sentimita 3, na nafasi nyeupe imeachwa chini.

WIKI YA 2

Swali gumu la mradi mzima: hadithi zifanywe nini? Ile ya Shakespeare kuiba paa, mnyama wa mawindo, katika shamba la Sir Thomas Lucy huko Charlecote inajulikana kuliko karatasi zote. Kuiacha kabisa ni kumwachia mwanafunzi aikute kwingine na kuiamini. Kuichanganya na yaliyothibitika ni kumpotosha.

Tumeamua rangi mbili. Wino mweusi ni kwa yaliyoandikwa wakati wake. Rangi ya udongo ni kwa yaliyosimuliwa baadaye. Na kila simulizi la rangi ya udongo lionyeshe nani alipokea kwa nani. Hapa Zanzibar jambo hili halihitaji kufundishwa. Mtoto aliyepita chuoni, yaani madrasa, anajua isnadi ni nini, mnyororo wa waliopokezana habari, na anajua kwamba habari nzuri yenye mnyororo uliokatika haisimami. Tumeazima utaratibu huo tu, na umefanya kazi kuliko maelezo yoyote.

Simulizi la kwanza: kabla ya kwenda London, Shakespeare aliwahi kuwa mwalimu wa skuli mashambani. Liliandikwa na John Aubrey, aliyelipata kwa William Beeston, mwana wa Christopher Beeston, na Christopher aliigiza pamoja na Shakespeare mwenyewe mwaka 1598. Vidole vitatu vya mkono vinatosha kuhesabu, na kila mmoja ana jina. Si uthibitisho, lakini ni mnyororo.

Simulizi la pili, la paa: lilichapishwa na Nicholas Rowe mwaka 1709, miaka 93 baada ya Shakespeare kufa. Habari zake nyingi Rowe alizipata kwa mwigizaji Thomas Betterton, aliyefika Warwickshire kuuliza wenyeji. Wenyeji hao hawana majina. Kwenye ubao mnyororo wake umechorwa na pete tupu mahali pa mtu asiyejulikana. Mchoro huo mmoja umetuokoa aya nzima.

La kushika farasi za watazamaji nje ya ukumbi wa tamthilia tumeliacha. Linajitokeza katika vitabu vya karne ya 18, na nafasi haitoshi.

WIKI YA 3

Tafsiri ya mbao. Makosa matatu yalijitokeza katika rasimu ya kwanza, na yote matatu yanaweza kumpata yeyote anayefanya kazi kama hii.

La kwanza ni saa. Skuli za Kilatini za wakati ule zilianza saa kumi na mbili alfajiri wakati wa kiangazi na saa moja wakati wa baridi, zikamalizika saa kumi na moja jioni, siku sita kwa wiki. Rasimu ilisema "saa sita asubuhi". Mfasiri alikuwa amebeba tarakimu bila kugeuza saa. Baada ya kusahihisha, tuliongeza jambo ambalo msomaji wa hapa hawezi kulikisia: jua la Desemba kule huchomoza baada ya saa mbili, basi saa moja ni giza totoro na wanafunzi walisoma kwa mishumaa. Kwetu saa ya jua kuchomoza haichezi hata saa nzima mwaka mzima.

La pili ni fedha. Hesabu za mji za mwaka 1568–69, John akiwa mkuu wa mji, zinaonyesha makundi mawili ya waigizaji yalilipwa: la Malkia shilingi 9, la Mkuu wa Worcester shilingi 1. William alikuwa na umri wa miaka 4 au 5. Haya ndiyo malipo ya kwanza ya tamthilia yanayoonekana katika hesabu za Stratford, na yaliidhinishwa na ofisi ya baba yake. Ubao wa 5 wote unasimama juu ya mstari huu. Lakini mwanafunzi wa Kitanzania akisoma "shilingi 9" anaona kitu kisichonunua hata peremende. Kubadilisha kwa thamani ya leo tulikukataa, kwani hesabu za namna hiyo hutofautiana sana na huzeeka haraka.

Suluhisho ni kipimo cha ndani: mshahara wa mwalimu wa skuli ya Stratford, pauni 20 kwa mwaka, pamoja na nyumba. Pauni ni shilingi 20, shilingi ni peni 12. Mwalimu basi alipata shilingi 400 kwa mwaka, kiasi cha shilingi 1 na zaidi kidogo kwa siku. Waigizaji wa Malkia walilipwa kama mshahara wa mwalimu wa siku 8. Kila fedha katika mbao zote sasa imepimwa kwa mwalimu, na kipimo kimechorwa pembeni kama rula.

La tatu ni majina. Programu ya kuandikia ilirekebisha yenyewe "Shakspere" na "Shagspere" kuwa Shakespeare, na kila aliyepitia rasimu aligeuza "Hamnet" kuwa Hamlet akidhani ni kosa la chapa. Hamnet ndilo jina la mtoto wake wa kiume. Alipewa jina la rafiki wa familia, Hamnet Sadler, na pacha wake akapewa la mke wa Sadler, Judith. Watu wa wakati ule waliyachanganya majina hayo mawili, hata katika wasia wa Shakespeare huyo Sadler ameandikwa Hamlett. Dawa ni kuzima usahihishaji wa programu na kubandika orodha ya tahajia ukutani kabla ya mtu yeyote kugusa rasimu.

WIKI YA 4 HADI YA 11: GLAVU

Hii ndiyo kazi iliyokula muda, na ndiyo iliyotufundisha zaidi nyumba ile ilinuka nini.

John Shakespeare alishona glavu, na ngozi alizitengeneza mwenyewe kuwa nyeupe kwa shabu. Hii ni kazi mbali na ile ya mtengeneza ngozi nzito za ng'ombe kwa magome ya miti. Mtu wa kwanza tuliyemwendea alitupatia ngozi nzuri ya mbuzi iliyoiva kwa magome ya mkandaa, laini, nyekundu ya kahawia. Ni kazi ya kupigiwa mfano, lakini siyo tuliyoitaka. Glavu za Stratford zilikuwa nyeupe na zenye kuvutika, na weupe huo hautoki kwenye magome. Tukaanza upya na ngozi mbichi mbili za mbuzi.

Kuloweka na kunyonyoa: chokaa iliyozimwa kilo 1 kwa lita 12 za maji, kukoroga mara mbili kwa siku. Maelekezo ya Ulaya husema siku 8 hadi 10. Kwa joto letu ni kupita kiasi. Ngozi ya kwanza ilikaa siku 8 na uso wake ukalegea ukachubuka kama karatasi iliyolowa. Ya pili ilitolewa siku ya 5, manyoya yakatoka kwa kusukuma na ubapa wa kisu butu. Baada ya hapo huoshwa mara nyingi, hukwanguliwa nyama na mafuta upande wa ndani, kisha hulazwa usiku mmoja kwenye maji ya uvuguvugu yenye pumba ili chokaa iliyobaki itoke. Chokaa ikibaki, shabu haishiki.

Tulibakiwa na ngozi nzima moja na nusu ya ile iliyoharibika, jumla kilo 2.4 baada ya kuchuja maji. Mchanganyiko:

shabu gramu 240, ile ile ya kusafishia maji inayouzwa kwenye maduka ya dawa za asili;
chumvi gramu 80;
unga wa ngano gramu 200;
viini vya mayai 6;
maji lita 1 na nusu.

Shabu na chumvi huyeyushwa kwanza kwa maji ya moto, kisha yaachwe yapoe hadi mkono uvumilie bila shida. Hapo ndipo unga na viini vinaingia. Mara ya kwanza viini vilimwagiwa maji ya moto vikawa mayai ya kuchemsha, mafuta yake hayawezi tena kuingia kwenye ngozi. Chumvi nayo si ya kupunguza: shabu peke yake ina ukali unaoivimbisha ngozi, ikikauka inakuwa ngumu na kukatika. Ngozi hukandwa kwa miguu ndani ya beseni kwa saa nzima, hulazwa humo usiku, hukandwa tena asubuhi, halafu hutundikwa kivulini.

Inayotoka ni kitu cha kukatisha tamaa: ubao mkavu, wa manjano hafifu, unaogonga. Usiutupe. Unapumzishwa wiki tatu ili shabu ishikamane, kisha unalazwa ndani ya unga wa mbao wenye unyevu kwa usiku mmoja, na kuvutwa huku na huku juu ya ukingo butu wa chuma. Dakika ishirini za kwanza hakuna kinachotokea. Halafu mahali pamoja, upana wa kiganja, panageuka nyeupe na kulegea, na weupe unasambaa kufuata mkono. Fundi aliyekuwa akivuta alisimama akaita wengine waje wagusie. Ngozi ile ile iliyokuwa inagonga sasa inakunjika kama kitambaa cha khanga kilichofuliwa mara mia.

Kukata kuna siri moja. Ngozi yenye unyevu kidogo huvutwa kwa urefu mpaka ikome, ndipo ikatwe, ili glavu ikivaliwa iachie kwa upana tu. Ya kwanza ilikatwa kinyume: vidole vikarefuka sentimita 2 na kiganja kikapasuka. Vipande vya glavu moja ni 8: kiganja na mgongo kwa pamoja, kidole gumba, na vipande vyembamba 6 vya kati ya vidole. Uzi ni wa kitani uliopitishwa kwenye nta ya nyuki, mishono 5 kwa sentimita.

Ubao wa 3 umeandikwa baada ya kazi hii, si kabla, na unaonekana. Unasema kwamba John alitia alama ya bikari badala ya saini, chombo cha kupimia cha mshona glavu. Unasema kwamba katika tamthilia za mwanawe kuna ndevu za duara zinazofananishwa na kisu cha mshona glavu, na kuna mchekeshaji asemaye kwamba sentensi kwa mtu mwerevu ni kama glavu ya ngozi ya mwanambuzi, upesi hugeuzwa ndani nje. Aliyekwisha kuvuta ngozi ile juu ya chuma haulizi mwandishi alipata wapi mfano huo.

WIKI YA 6: WINO NA KALAMU

Zilifanywa wakati ngozi imepumzika. Wino wa Ulaya ulitokana na vinundu vya mwaloni pamoja na salfeti ya chuma. Mwaloni hatuna. Magome ya mkandaa yalitoa weusi wa kijani. Maganda ya kungu yalitoa weusi wa samawati unaokaribia ule wa asili, kwa kuwa ukakasi wa kungu ni wa jamii moja na wa vinundu vile. Gramu 100 za maganda makavu, maji nusu lita, chemsha hadi ibaki robo lita, chuja kwa kitambaa. Tia salfeti ya chuma gramu 20 na sumugu, gundi ya mti, gramu 15 ya kuupa uzito. Karafuu 4 ndani ya chupa huzuia ukungu, jambo ambalo hata baadhi ya mafundi wa Ulaya ya zamani walilifanya. Wino ukiwa mpya ni hafifu, huiva kwa hewa na kuwa mweusi kesho yake.

Kosa: duka lilitoa mrututu mahali pa salfeti ya chuma. Zote ni chembe za kumetameta. Mrututu ni bluu kali, salfeti ya chuma ni kijani cha maji. Mrututu ni shaba, na shaba haitoi weusi, inatoa tope la kahawia.

Jambo kubwa zaidi ni kwamba wino huu hautoki. Wino wa masizi wa mbao za chuoni uliundwa uoshwe, huu uliundwa udumu kwenye mikataba na madaftari, ndiyo maana dhamana ya ndoa ya 1582 inasomeka hadi leo. Ukidondoka kwenye mtandio mweupe wa mwanafunzi, ndimu na chumvi hupunguza tu. Uamuzi: chupa yake imezibwa kwa nta, ni ya kutazama. Wa kuandikia kwa majaribio ni wa masizi.

Kalamu ni manyoya 5 ya nje ya bawa la kushoto la bata bukini, kwa vile mpindo wake unamfaa mwenye kuandika kwa mkono wa kulia. Loweka usiku mmoja, kisha chomeka mzizi kwenye mchanga wa moto kwa sekunde 10 hadi 15 mpaka uwe wazi kama kucha. Lisilolowekwa lilipasuka vipande pale pale lilipopasuliwa ncha.

WIKI YA 8: KIBAO CHA HERUFI

Ubao mdogo wa sentimita 8 kwa 12 wenye mpini, karatasi ya alfabeti na sala juu yake, na bamba jembamba la pembe la kukinga vidole vya watoto. Hapa wageni wengi hufananisha na ubao wa chuoni, na lazima maelezo yatofautishe: wetu huandikwa na kufutwa, huu husomwa tu. Bamba lilitokana na pembe nyeupe ya ng'ombe iliyochemshwa, ikapasuliwa kwa urefu, ikabanwa baina ya vyuma vya moto na kukwanguliwa kwa kigae cha kioo. Lisipoe nje ya jiliwa, litajikunja tena. Tumefanya moja tu la pembe, la akiba ni la plastiki na limeandikwa hivyo.

WIKI YA 9

Mbao zilizobaki zilikwenda haraka.

Ya 4, skuli: chumba cha ghorofani juu ya jumba la mji, Church Street, skuli iliyopewa hati na Mfalme Edward VI mwaka 1553. Madaftari ya wanafunzi hayakubaki. Tumeandika "karibu hakika alisoma hapa", tukaonyesha sababu: ilikuwa umbali wa kutembea kidogo tu, wana wa wakuu wa mji walisoma bila ada, na tamthilia zake zimejaa Kilatini cha darasani.

Ya 6, kuporomoka kwa baba. Baada ya 1576 John karibu haonekani tena katika vikao vya baraza. 1578 aliweka rehani mali ya mkewe huko Wilmcote kwa pauni 40, mishahara ya mwalimu ya miaka miwili. Alikuwa ameshitakiwa kwa biashara ya sufi bila ruhusa na kwa riba. William alikuwa na miaka 14. Mwaka uliofuata dada yake Anne akafa akiwa na miaka 7.

Ya 7, ndoa. 28 Novemba 1582 dhamana ya pauni 40 iliwekwa Worcester na wakulima wawili, ili ndoa itangazwe kanisani mara moja badala ya mara tatu. Haraka hiyo ina sababu mbili, na ubao unazitaja zote bila kuzungukazunguka. Kipindi cha kuzuiwa kutangaza ndoa kilikuwa kinaanza siku chache zijazo hadi Januari. Na Anne Hathaway alikuwa mjamzito, Susanna alibatizwa 26 Mei 1583. Bwana arusi miaka 18, bibi arusi 26.

Ya 8, mapacha, 2 Februari 1585. Ya 9 tumeiacha karibu tupu: kuanzia hapo hadi 1592 jina lake linatajwa tu katika kesi ya wazazi wake kuhusu Wilmcote, 1588. Ya 10 ni simulizi zenye minyororo, na inamalizika na maneno ya mwandishi wa tamthilia Robert Greene ya 1592, anayemwita kunguru aliyejipamba kwa manyoya ya wenzake. Kunguru wa Mji Mkongwe anajulikana kwa wizi wa chakula, na wasomaji wa majaribio walidhani Greene anamwita mwizi wa mikate. Tumeongeza maelezo ya mstari mmoja: manyoya ni maneno ya tamthilia, na anayelalamika ni msomi wa chuo kikuu dhidi ya mtoto wa mshona glavu.

WIKI YA 12

Mbao za plaiwudi ya milimita 6, sentimita 60 kwa 90, zilikuwa karibu kilo 2 kila moja. Sanduku lilishinda watu wawili. Tumehamia milimita 4, sentimita 50 kwa 70, na zote 10 sasa ni kilo 8 na nusu. Gharama ya kosa ilikuwa chapa ya mara ya pili. Pima uzito kabla ya kuchapisha.

WIKI YA 14: PEMBA

Sanduku lilivuka kwa boti hadi Mkoani mwanzoni mwa masika, likafunguliwa Chake Chake. Kila kitu kilifika salama isipokuwa glavu. Ilikuwa na majimaji na madoa meupe ya chumvi kwenye kidole gumba. Ngozi ya shabu haikuiva kama ya magome: shabu na chumvi zimekaa ndani tu, maji yakiingia zinatoka, na ngozi inarudi kuwa ngozi mbichi. Kupangusa kwa kitambaa kilicholowa, kama mtu mmoja alivyotaka kufanya, kungeimaliza.

Ilikaushwa kivulini siku mbili na kuvutwa tena kwa mkono mpaka ikalegea. Sasa inakaa katika bati la biskuti lenye mfuniko wa kubana, pamoja na kifuko cha mchele uliokaangwa mkavu, gramu 200, unaobadilishwa kila sanduku linapohama. Wanafunzi wanaruhusiwa kuigusa baada ya kupangusa mikono. Hapo Chake Chake foleni ya glavu ilikuwa ndefu kuliko ya mbao zote.

Kabla ya Wete yamebaki mawili: kushona glavu ya pili kutoka ile nusu ya ngozi, na kurekebisha ubao wa 7, ambapo mpiga chapa amegeuza "Shagspere" ya dhamana kuwa Shakespeare.